Komeo la Mama Nyundo

Fundi cherehani alifika karakana akihema, akamkuta Mama Nyundo ameinamia fuawe, nyundo mkononi.

"Binti yako ameshikwa na uchungu," alisema. "Nimemsikia nikiwa dukani, nikapanda ngazi. Anasema hawezi kuinuka. Mlango sijaugusa, mama. Vyuma vyako mimi naviogopa. Mkunga nimemwita, na mume wa binti yako pia."

"Mumewe wa nini?" Mama Nyundo alisema, na tayari alikuwa anaivua aproni ya ngozi. Chuma alikiacha kwenye makaa, kiungue kikitaka.

Fundi cherehani hakuwa mwoga wa bure. Wahunzi wengine wa mji ule walijua kukunja chuma. Mama Nyundo alikiagiza. Kikiwa chekundu, kabla ya kukizamisha majini, alikisemea agizo kwa pumzi moja, na chuma kikalishika agizo hilo hadi kutu ikimalize. Alishafua majembe yanayokwepa mawe na sufuria zinazokataa kuunguza, hata mpishi awe mvivu namna gani. Lakini sifa yake kubwa ilikuwa makomeo, na la mwisho alilolifua lilikuwa la mlango wa bintiye.

Binti alikuwa amegombana na mumewe, fundi viatu mpole hadi anakera, akapanga chumba juu ya duka la cherehani. Ugomvi wenyewe ulikuwa mdogo, ila Mama Nyundo aliupuliza kama anavyopuliza makaa. Akaweka nondo madirishani. Akafua komeo, binti mwenyewe akivuta mivukuto ya kupulizia moto, tumbo likimtangulia, akaliagiza: "Usimfungulie yeyote asiyemtakia mema mwanangu." Alikuwa na mtu mmoja tu kichwani, na mtu huyo alishona viatu.

Sasa, wahunzi wa aina yake wana mazoea. Kila agizo la mlango humalizika kwa maneno "ila mimi fundi." Mwalimu wake aliwahi kuyasahau, akalala bandani na kuku hadi mkewe aliporudi safari. Mama Nyundo hakusahau. Aliyaacha makusudi, kwa sababu ni mama gani anayejiombea ruhusa ya kuingia kwa mwanawe?

Alipanda ngazi ya duka la cherehani, akaweka kiganja kwenye bamba la komeo, maana hufunguka kwa kuguswa tu. Siku nyingine zote binti ndiye aliyemfungulia. Komeo halikutikisika.

"Mama?" Sauti ya binti ilitoka chini, kama ya mtu aliyelala sakafuni. "Ni wewe?"

"Ni mimi. Tulia, mwanangu, naingia."

Akafuta kiganja kwenye gauni, akajaribu tena. Labda ni masizi. Labda mbao zimevimba kwa unyevu. Alisukuma kwa bega, akapapasa pembeni kutafuta kosa, na moyoni alijua hakuna kosa, maana hajawahi kutoa kitu kibovu mikononi mwake. Kulivunja hakuwezekani, hilo alilihakikisha mwenyewe. Nondo za dirishani vilevile.

"Mama, naona damu."

Mama Nyundo aliinamia komeo. Hakuwahi kuogopa vile maishani. "Mimi namtakia mema," alilinong'oneza komeo. "Mimi ni mama yake." Chuma kimya.

Ndipo lilipomrudia jambo ambalo hakumwambia mtu. Siku binti alipokuja na habari za mimba, alimkumbatia, akacheka, na huku kichwa cha binti kikiwa begani mwake aliomba kimoyomoyo mimba ile isishike. Isishike, binti amchoke mumewe, arudi kwenye mivukuto, karakana ipate mrithi. Na ombi lile hakuliondoa kamwe. Kila alipoliona tumbo limekua, alilikunja tu akalirudisha mahali pake.

Alijaribu kulifuta sasa hivi, pale pale mlangoni. Alisema maneno yote mazuri aliyoyajua. Lakini hata katikati ya hofu ile kulikuwa na kipande cha moyo kilichofurahi kwamba mume hayupo, na kipande hicho alikisikia mwenyewe. Mbele ya chuma hakuna mahali pa kukificha.

Viatu vililia kwenye ngazi. Fundi viatu alitokeza, uso umempauka.

"Shikamoo, mama." Mtu yule hata nyumba ikiungua angeamkia kwanza. "Mbona umesimama nje? Mke wangu yuko wapi?"

Mama Nyundo akasogea pembeni. Na Mungu amsamehe, alitamani komeo limkatae na yeye. Mume aliweka mkono wake, vidole vimeganda gundi, na komeo likateleza kama lililopakwa mafuta.

Binti alikuwa sakafuni, ameegemea kitanda. Mume akampigia magoti. Mkunga aliingia nyuma yao akitweta, akamfunua, akamchunguza, akasema damu ile ni ya kawaida na mtoto yuko karibu, watu waache kuzubaa, maji yako wapi. Mama Nyundo akachukua beseni, akamimina maji ya mtungi. Mengine yakamwagikia miguuni.

"Mama," binti alisema, jasho likimtiririka, "ulikuwa unahangaika na nini hapo nje? Nilidhani komeo limekwama."

Angeweza kusema limekwama. Mume angeamini, mkunga hakuwa na habari. Lakini binti alikuwa amevuta mivukuto siku ile, akasikia agizo lote, neno kwa neno.

"Halikukwama," Mama Nyundo alisema. "Sikufungua mimi. Amefungua mumeo."

Binti alimtazama.

"Na wewe ulijaribu?"

"Nilijaribu."

Uchungu mwingine ukaja. Binti akafumba macho, akanyoosha mkono pembeni, akaupapasa hewani hadi akaupata mkono wa mume, akaukaza. Mama Nyundo alibaki amesimama na beseni, akisubiri mtu amwambie aliweke wapi.