Wodi ya Vitanda vya Kukodi

Mkuu wa chuo cha uuguzi hakuwahi kumfunga mtu kidonda maishani mwake. Alikuwa muuza mabati, akaona watoto wa watu wanavyohangaika kutafuta kazi za hospitali, akajenga madarasa manne, akayapaka rangi nyeupe na kuyaita chuo. Sista, muuguzi mkongwe aliyefundisha mafunzo ya vitendo, alimdharau tangu siku alipomsikia akiita sindano "ile pini yenu." Mshahara ndio uliomfunga mdomo, na kwa hilo alijidharau kidogo na yeye.

Chuo kilikuwa kishiriki cha Chuo Kikuu. Mitihani ilitoka huko, na vyeti vilitoka huko. Sharti lenyewe lilikuwa jepesi kueleweka: chuo kishiriki lazima kiwe na hospitali yake ya kufundishia. Mkuu aliahidi, akaahidi tena, mpaka Chuo Kikuu kikachoka na danganya toto, kikamvua ushiriki na kuagiza wanafunzi wagawanywe katika vyuo vingine. Hapo ndipo alipokimbilia mahakamani akapata zuio: wanafunzi wasihamishwe mpaka kesi iishe. Basi hawakuhamishwa, na mtihani hawakupewa. Mawakili wa pande zote mbili walinenepa.

Miongoni mwa waliokwama alikuwemo binti wa kaka yake Sista, mwaka wa mwisho. Sista mwenyewe ndiye aliyemwambia kaka yake, "Mlete kwangu, nitamwangalia." Sasa kaka hapokei simu zake, na binti kila wiki anafua na kunyoosha sare asiyokuwa na pa kwenda nayo.

Kisha mahakama ikaamua kumtuma msajili wake aje aione kwa macho hospitali ambayo Mkuu alikula kiapo kuwa anayo.

Mkuu akakodi vitanda. Bwalo la chakula likageuka wodi: mapazia ya kijani, mashuka mapya, dripu za maji ya bomba zilizobandikwa juu ya mikono kama za watoto wanaocheza udaktari. Na wagonjwa? Wanafunzi wa mwaka wa mwisho, hao hao.

"Wewe malaria. Wewe kisukari. Wewe umepasuliwa jana," Mkuu alipita akigawa maradhi kama karata. "Wewe mrefu, vunjika mguu."

Huyo mrefu ndiye binti. "Shangazi," alinong'ona wakati Sista akimfunga plasta, "tukishinda tutafanya mtihani?"

Sista alikuwa amemsikia wakili wa Chuo Kikuu akicheka kwenye korido ya mahakama: wao wakishindwa watakata rufaa, wakishindwa tena watakata nyingine, na zuio litabaki palepale.

"Chuo chetu kikishinda mtazeekea hapa," alimwambia. "Kikishindwa, ndipo mtahamishwa."

Binti aliutazama mguu wake mzima ukipotea ndani ya plasta. "Kumbe naumwa ili nisipone."

Sista aliona aibu, aibu ya kweli, akaendelea kufunga.

Msajili akafika, mtu wa miwani na haraka zake. Mkuu alimtangulia kwa koti jeupe la daktari, lebo ya dukani bado inachungulia kwenye ukosi. Wakapita kati ya vitanda. Msajili akampa pole malaria, akasikitika mbele ya kisukari, asiguse kitu wala kuuliza kitu. Sista alimtazama akafikiri, ndio hawa wanaopewa maisha ya watu wayaamue. Hata mbuzi angeshangaa kumwona mgonjwa aliyepasuliwa jana ana mashavu kama yale.

"Nimeridhika," msajili akasema, akaifunika kalamu yake.

Mkuu akamkonyeza Sista, kana kwamba lao moja.

Konyezo hilo ndilo lililomchoma. Watu walikuwa wamemfia mikononi, wengine wakimwita mama, na leo muuza mabati anamkonyeza mbele ya mashuka ya kukodi. Akakumbuka jinsi alivyowazoesha wanafunzi wake: kila asubuhi akiingia darasani na kupiga makofi mawili, wote husimama wima, mikono nyuma, na kusalimu kwa pamoja. Aliwazoesha hivyo kwa ukali, hata mwenye usingizi alisimama kabla ya kuamka.

"Wauguzi!" akaita, akapiga makofi.

Wodi nzima ikainuka. Malaria akaruka. Kisukari akasimama wima. Aliyepasuliwa akatua sakafuni kwa miguu miwili, dripu ikimfuata nyuma.

"Habari za asubuhi, Sista!" wakasema kwa sauti moja.

Wa kwanza kusimama alikuwa binti, na mguu wake wa plasta. Wengine walishtuka, yeye hakushtuka. Alikuwa anamtazama shangazi yake moja kwa moja.

Msajili akarudi mpaka kitandani kwake. "Wewe si umevunjika?"

"Hapana, mheshimiwa. Mimi ni mwanafunzi, mwaka wa mwisho. Nataka kufanya mtihani."

Msajili akaifunua kalamu yake, akaanza kuandika.

Mkuu akashika kifua. "Umenimaliza, Sista," alisema kwa sauti ya chini. "Na kazi huna tena."

Hilo alikuwa amelijua kabla hajapiga kofi la kwanza, na lilimuuma, maana kazi aliipenda. Lakini hakutaka huyu ayaone maumivu yake.

"Kama umezidiwa, Mkuu, lala," akamwambia. "Vitanda si unavyo?"