Fimbo ya Kumi na Tano

Watu wa gofu hufungasha gari Jumapili asubuhi, kabla ya raundi ya mwisho. Ushinde, ushindwe, jioni uwe barabarani, maana mji unaofuata uko maili mia nne mbele na hakuna anayekusubiri. Nilifungasha hivyo kwa miaka minne. Kwa hiyo ninalolisimulia ni kosa la kufungasha tu, na aliyefungasha ni mimi.

Mume wangu ni Orval Tackett, mzaliwa wa Carthage, Missouri. Alikwenda vitani akarudi akiwa amepungukiwa vidole viwili vya mguu, na mwaka 1946 akaanza kucheza gofu ya kulipwa. Alikuwa hodari, hilo hata maadui zake walilikubali. Lakini alikuwa hajashinda hata mara moja. Wa pili Tucson, wa tatu Wichita, wa pili tena Tucson. Wenzake wakambandika jina la Bwana Nusura. Dutch Riggle, rafiki yetu, alikuwa akigonga dirisha la gari letu asubuhi na kuuliza, "Shemeji, Bwana Nusura kaamka, au naye nusura aamke?" Tulicheka, mwanzoni.

Nyumba hatukuwa nayo. Tulikuwa na gari aina ya Plymouth, jiko la mafuta, na vyumba vya kupanga kando ya barabara. Tulikuwa pia na binti, Nadine. Alipotimiza miaka minne, Orval alichukua fimbo kuukuu ya chuma, akaikata kwa msumeno ikawa na urefu wa mkono wangu, akaizungushia utepe mweusi pa kushikia. Nadine alitembea nayo kila mahali. Siku za mashindano tulimfuata baba yake nje ya kamba ya watazamaji, mimi na yeye, mpaka shimo la tisa, pengine la kumi, kati ya kumi na nane. Hapo miguu ilimwisha, nikambeba hadi garini, akalala. Baba yake akirudi aliamka na kuuliza, "Baba, umeshinda?" Orval alimjibu, "Bado."

Agosti 1949 Nadine alishikwa na polio tukiwa Springfield. Walimlaza ndani ya pafu la chuma, ile mashine ya kumpumulia mgonjwa. Siku tisa.

Sikulia. Sijisifu wala sijilaumu, nasema ilivyokuwa. Nguo zake niliwapa watu wa kanisa, nikaziba nafasi yake kwenye buti la gari kwa mablanketi, tukaendelea na safari. Orval, aliyekuwa ananiita Mama kama wanaume wote wa kwao wanavyowaita wake zao, alirudi kuniita Verlene. Mwili wangu wote ulikuwa umekufa ganzi, na nilipojichoma kwa jiko niliona lengelenge kwanza kabla ya kusikia maumivu. Kitu kimoja tu sikukigawa. Ile fimbo fupi ilikaa kwenye buti, nyuma ya tairi la akiba, na kila nilipofungua buti niliigusa.

Majira ya baridi ilikuja barua kutoka klabu ya Neosho, si mbali na kwao Orval. Walitaka mwalimu wa gofu wa kudumu. Nyuma ya duka la klabu kuna nyumba, vyumba viwili na baraza. Mwenyekiti aliandika bila kuficha: wanachama wanataka mtu aliyewahi kushinda. Ashinde popote, mara moja, kabla ya mwezi wa Mei, na nyumba ni yake. Sikutaka kitu kingine duniani. Nilitaka mlango wa kufunga na ukuta wa kutundikia fimbo ile.

Basi Aprili tukawa Abilene, Texas, na baada ya siku tatu Orval alikuwa anaongoza kwa mkwaju mmoja. Jumamosi jioni tairi lilipasuka. Tukafunga lile la akiba, na lililopasuka likatupwa kwenye buti na matope yake. Jumapili asubuhi, nikifungasha, sikupenda fimbo ya mtoto ilale kwenye uchafu ule. Mfuko wa gofu ulikuwa umesimama mlangoni. Nikaisukuma fimbo mpaka chini kabisa, chini ya koti la mvua, nikijiambia nitaitoa tukifika uwanjani.

Tulipofika, mzee Lonzo, mbeba mfuko, aliwahi. "Siku yetu hii, Bi Tackett," akasema, akauweka mfuko begani na kwenda zake. Mimi nilikuwa nahangaika na mayai ya kuchemsha. Mimi niliyeikumbuka fimbo ile kila saa kwa miezi minane, saa hiyo niliisahau.

Sheria ya gofu inasema fimbo kumi na nne. Mwaka ule ukikutwa na ya kumi na tano, unafutwa, hakuna cha samahani. Lonzo alihesabu vichwa vilivyochomoza juu, akapata kumi na vinne.

Nilifuata nje ya kamba. Shimo la sita mvua ilinyunya, Orval akaingiza mkono mfukoni kutafuta koti. Mkono ukakaa humo. Dutch, aliyekuwa anacheza naye, akapaza sauti, "Vipi, umeficha chakula humo? Tugawie!" Orval akatoa koti, akalivaa, akaendelea. Kuanzia hapo alitembea polepole, hatua fupifupi, na nikadhani mguu unamsumbua. Mikwaju yake lakini! Sijapata kumwona akipiga vile, mpira ukienda anakoutaka kama umeitwa. Mimi mawazo yangu yalikuwa kwenye mapazia ya nyumba ya Neosho. Shimo la kumi na mbili niliamua yawe ya njano. La kumi na tano nilikuwa nimeshapanga meza.

La kumi na nane aliutumbukiza mpira kutoka hatua nne, akamaliza mikwaju miwili mbele ya Dutch. Watu wakapiga kelele. Dutch alimkumbatia akamwinua juu. "Nusura kafa leo! Shemeji, tumemzika Nusura!"

Kwenye meza ya kadi za matokeo alikaa Bwana Prewitt wa kamati, mzee mwenye kofia ya majani. Akamsogezea Orval kalamu. Orval hakuishika. Aliingiza mkono kwenye mfuko wa gofu mpaka begani, akaitoa fimbo ya Nadine, akaiweka mezani juu ya kadi.

"Hii ya kumi na tano," akasema.

Prewitt aliitazama, akanitazama mimi. "Tackett, hicho ni kichezeo cha mtoto. Rudisha ulikokitoa, utie sahihi."

"Ina kichwa cha chuma. Inapiga mpira."

"Nani mwingine ameiona?"

"Mimi nimeiona."

Dutch aligonga meza. "Wewe una wazimu? Mimi ndiye wa pili, na mimi sitaki ushindi wa namna hii! Mwambie, shemeji!"

Prewitt alivua kofia kwanza, kisha akachora mstari kwenye kadi.

Jioni tulikuwa barabarani, tunaelekea Oklahoma. Fimbo niliipakata. Tulipita mji mmoja, tukapita wa pili.

"Niliiweka mimi," nikasema.

"Najua."

"Nilisahau kuitoa."

"Najua, Verlene."

"Umeiona lini?"

"Shimo la sita."

Hapo hasira zikanipanda, na zilikuwa kitu cha kwanza kunipanda tangu Springfield. "La sita! Ulijua imekwisha, ukaniacha nitembee mashimo kumi na mawili nikipanga mapazia? Ungesema pale pale! Mimi ni mpumbavu wako?"

Alishika usukani kwa mikono miwili. "Ningesema wangenitoa pale pale," akasema. "Na mtoto hajawahi kufika la kumi na nane."

Nikakumbuka zile hatua fupifupi. Kulikuwa na mashamba pande zote, yamelowa, na redio ilikuwa imezimwa. Nikasikia sauti yangu inauliza kabla sijaipa ruhusa.

"Umeshinda?"

Orval alitoa mkono mmoja kwenye usukani, akaigusa fimbo.

"Bado, Mama," akasema.

Ilibidi asimamishe gari kando ya barabara, maana nilikuwa nalia, na mwenye ramani nilikuwa mimi.