Kwa Kadiri Hali Itakavyoruhusu

...na mkono wa Mzee Kashinje bado uko hewani, mpana kama jembe, nami balozi mstaafu, msuluhishi wa kimataifa mwenye nishani mbili na kitambi kimoja, naukodolea macho tu, baridi ya kijiji chetu cha Pito imepenya mpaka kwenye soksi za Geneva, upokee basi, wewe umeshika mpaka mikono ya wauaji ukatabasamu kwa wapiga picha... "Mimi nakuamini, mwanangu," anasema mzee, "umewapatanisha wenye bunduki, utashindwa sisi wenye fimbo?" na mdogo wangu Teodori anacheka, anacheka mno, maana yeye ndiye aliyelima njia ya ng'ombe wa mzee ya kwenda mtoni akapanda mahindi, halafu akanipigia simu, kaka njoo na Kiswahili chako cha mikutano, nikaja mbio, nikatunga sentensi tamu, njia itaachwa wazi kwa kadiri hali itakavyoruhusu, mzee akaona ameheshimiwa... na hali haitaruhusu, namjua Teodori, mvua ya kwanza tu atapanda tena, ng'ombe wakikanyaga atawakamata, na sentensi yangu itamlinda... kama ilivyowalinda wale majenerali niliowapatanisha vitani, malori ya unga yatapita darajani kwa kadiri hali itakavyoruhusu, tukapigiana makofi, tukala samaki kwa uma tatu tatu, malori yakasimama darajani mpaka unga ukaota ukungu, na ng'ambo, wenye njaa waliokuwa wanausubiri... ng'ambo sikuiona, nilikuwa uwanja wa ndege nachagua chokoleti... "Kaka, mpe mkono mzee wa watu, ugali unapoa!" Teodori ananihimiza, na shemeji Hilaria, mkewe, ametokea na maji ya kunawa, hanitazami, anajua, nyumba nzima inajua... nikisema ngoja mzee, hayo maneno tuyafute, Teodori atawaka, kaka gani unaiuza damu yako kwa wenye ng'ombe, hatanizika huyu, na kwa kitambi hiki jeneza langu linahitaji wabebaji wenye mapenzi ya kweli... haya, nitalala gesti Majengo, nitakula chipsi kavu, mtu mzima nafukuzwa na mtoto niliyemfundisha kufunga suruali, naogopa jamani, mbele ya majenerali sikuogopa hivi... mkono wa mzee umechoka, hajaushusha, ananisubiri kwa adabu, na ulimi wangu umeacha kutafuta neno laini, unatafuta mate tu, ya kusemea hapana.