Kutoka Kushoto

Watu wa mji ule hawakuulizana kwao ni wapi. Waliulizana walihamishiwa lini. Zamani hakuna mtumishi aliyepelekwa kwenye wilaya ile ya baridi na ukungu kwa sababu ya kusifiwa. Karani aliyegombana na bosi wake, mwalimu aliyemjibu mkaguzi kwa ukali, mganga aliyepoteza funguo za stoo, wote barua zao ziliwapandisha mlima. Walifika wakilia, wakakaa wakinung'unika, na siku ya kustaafu ilipowadia wakakataa katakata kushuka. Hiyo ndiyo historia ya mji kwa ufupi, na Bi Kioo alikuwa akiisema hivyo hivyo kwa kila aliyeingia studio kwake kupigwa picha ya pasipoti, atake asitake.

Jina la Bi Kioo alipewa kwa sababu ya urithi wake. Baba yake, mpiga picha wa kwanza wa mji, alimwachia chumba kimoja kwenye barabara ya hospitali na masanduku manne ya vioo vya picha, vile vya zamani kabla ya filamu, kila kimoja kimefungwa ndani ya gazeti. Sasa alikuwa na miaka sabini na miwili, magoti yanamlalamikia, lakini jicho lake lilikuwa bado zima. Alikuwa na kompyuta pia, na aliitukana kila siku.

Jumatatu moja Afisa Habari wa wilaya alikuja mbio mbio kama kawaida yake, mwanamke mwenye simu mbili na subira isiyotosha hata moja. Ukumbi mpya wa wilaya ungefunguliwa Jumamosi ya wiki iliyofuata, na ukutani walitaka ile picha.

"Ipi?" Bi Kioo aliuliza, ingawa alijua.

"Jamani Bi Kioo! Ile ya watu saba."

Mjini ukisema ile picha, ilikuwa moja tu. Ilipigwa siku hospitali ilipofunguliwa, miaka sitini na mitano iliyopita: watu saba wamejipanga mbele ya ukuta mfupi mweupe, na nyuma yake ukungu mtupu. Chini yake majina na kazi zao, kutoka kushoto: mkunga, karani, mganga msaidizi, mkuu wa wilaya, seremala, mpishi, mfagiaji. Ilitundikwa posta, ilitundikwa benki, na kinyozi wa stendi alikuwa nayo juu ya kioo chake. Hao saba walikuwa watu wa kuhamishwa. Mmoja mmoja walikwenda zao au walizikwa, na wajukuu waliorudi mjini baadaye waliwajua babu zao kwa picha hiyo tu. Mkuu wa shule ya sekondari, mjukuu wa karani, alikuwa akiligusa paji lake pana la uso na kusema, "Hili ni la babu, akili haiji hivi hivi."

"Mnataka kubwa kiasi gani?"

"Upana wa meza mbili."

Nakala zote za mjini zilizaliwa na nakala moja ya zamani, na ile, ukiikuza hivyo, nyuso zingegeuka uji. Ilibidi kioo chenyewe kitoke sandukuni. Kilikuwa hakijaguswa kwa miaka hamsini na minane, kwa maana kilikuwa na ufa kwenye pembe na baba yake alikuwa amekataza.

Bi Kioo alikitoa Jumanne asubuhi kwa mikono miwili. Kioo cha picha kina pande mbili: mmoja mtupu, mwingine wenye dawa inayoshika picha, na ukiuchanganya upande, kila kitu kinageuka, kulia kunakuwa kushoto. Alifanya kama baba yake alivyomfundisha, akaugusa kila upande kwa pembe ya mdomo. Upande wa dawa hunata. Akakiweka juu ya meza ya taa, dawa ikiangalia inakopaswa kuangalia, akakipiga kwa kamera, akakipeleka kwenye kompyuta.

Watu saba walikuwa kinyume.

Alicheka. Akajiambia uzee huo, umegeuza kioo mchana kweupe. Akarudi, akakigusa tena kwa mdomo. Hapana, hakuwa amekosea. Akarudi kwenye kompyuta, na kwa kuwa hakujua afanye nini, alifanya anachofanya mpiga picha yeyote, akaanza kuutia giza ule weupe wa nyuma. Ukungu ukafifia. Na humo ndani, mstari wa milima ukajitokeza taratibu, na mwishoni mwa mstari, upande wa kushoto, kikatokea kilele ambacho mji mzima unakiita Jino.

Bi Kioo alichukua kanga yake na kutoka bila kufunga mlango. Alipanda mpaka lango la hospitali, akasimama pale pale baba yake aliposimamisha kamera, akangoja mawingu yapishane. Yalipopishana, Jino lilikuwa kushoto. Bila shaka lilikuwa kushoto, lingekwenda wapi?

Basi kioo kilisema kweli, na picha iliyotundikwa posta, benki na kwa kinyozi ilikuwa imegeuzwa. Ukungu uliificha milima, na hakukuwa na ishara nyingine ya kumshtua mtu.

Na aliyeigeuza alimjua. Ni yeye mwenyewe, miaka saba baada ya ufunguzi, akiwa na miaka kumi na minne, na kati ya wale saba hakuna aliyebaki mjini. Baba yake alikuwa kitandani, kifua kimembana, na ofisi ya wilaya ikataka picha haraka, naye akasema, "Ngoja nichape mimi." Ilikuwa kazi yake ya kwanza peke yake kwenye chumba cha giza. Ukungu ulikuwa haujaondoka kwa siku kumi na mbili, kila kitu kilitoa jasho, kuta, meza, na kioo pia. Alikigusa kwa mdomo upande huu, kikanata. Akakigusa upande wa pili, nao ukanata. Akaona aibu kumwamsha mgonjwa kwa jambo dogo kama hilo. Akabahatisha. Baba yake alipoletewa picha aliiangalia kwa muda mrefu, akasema, "Umeweza," kisha akanakili chini yake orodha aliyoiandika kwenye daftari lake siku ile ile ya ufunguzi. Bi Kioo alilibeba neno lile maisha yake yote kama cheti. Sasa, pale langoni, lilimchoma.

Alimpigia Afisa Habari. Afisa alisikiliza kwa dakika moja nzima, jambo la ajabu.

"Mkuu wa wilaya yuko wapi kwenye picha?"

"Katikati."

"Na ukiigeuza?"

"Katikati."

"Sasa Bi Kioo, tatizo ni nini?"

Hapo ndipo Bi Kioo alipokasirika. Ni kweli, mkubwa alikuwa katikati, na wa katikati hata umpindue vipi hubaki katikati. Historia ilikuwa imekosewa kwa wadogo peke yao. Paji la uso la mkuu wa shule lilikuwa la mpishi, na hilo lilimchekesha kidogo, wala halingemuua mtu. Lakini pembeni kabisa, mwanzo na mwisho wa mstari, walisimama wanawake wawili, mkunga na mfagiaji. Na hilo halikuwa la kuchekesha, maana mkunga alikuwa mama yake Fundi Pindo.

Fundi Pindo alikuwa na cherehani yake milango mitatu kutoka studio, na hakuna suruali mjini ambayo hajaipunguza. Alizaliwa mwaka mmoja baada ya picha. Baba yake, dereva wa lori, alikufa kabla hajamwona; mama yake mkunga alifuata, yeye akiwa na wiki tatu. Bibi mzaa baba, ambaye hakuwahi kumwona mkwewe, alifika kutoka mbali kumlea mtoto pale mjini, akakuta kaburi limeshasawazishwa. Hakuna aliyebaki wa kumwambia mtoto mama yake alikuwaje, ila picha. Alipewa nakala akiwa na miaka sita, na tangu siku hiyo, kila asubuhi kabla ya kukanyaga cherehani, alimwangalia yule mwanamke wa kwanza kushoto, mwenye uso mpana na kicheko ambacho hakikungoja ruhusa, akasema, "Shikamoo, mama." Wateja walishamzoea.

Na yule wa upande wa pili, yule ambaye kwa kweli alikuwa mama yake, hakuwa na uso. Alitikisika wakati picha inapigwa. Palipokuwa na sura palikuwa na doa la kijivu, na watoto wa mji walimwita Bi Moshi.

Kwa siku mbili Bi Kioo alizunguka na jambo hilo kama mtu mwenye kokoto kwenye kiatu. Alijua angeweza kufanya nini. Angeigeuza picha kwenye kompyuta, kidole kimoja tu, na Fundi angekufa na furaha yake. Nani angepanda kuangalia Jino? Lakini kosa la kwanza alilifanya akiwa mtoto na kwa kutojua. La pili lingekuwa la mzee mwenye akili timamu. Na kama angeitundika sahihi na kunyamaza, Fundi angelijua mbele ya umati, katikati ya hotuba. Angempotezea mama mbele za watu. Mchelea mwana kulia hulia mwenyewe, alijisemea, na Alhamisi akaenda kwanza hospitali kuomba daftari la maziko, kwa sababu alimjua Fundi na alijua atauliza nini. Kisha akamwambia Afisa Habari kwamba ni picha iliyo sahihi au hakuna picha. Afisa alivuta pumzi kwenye simu zote mbili, akakubali.

Alimkuta Fundi Pindo anatia pindo, kitu kingine gani.

"Shikamoo, dada."

"Marahaba, mdogo wangu. Una mteja?"

"Anakuja saa kumi. Kaa. Mbona umekuja na bahasha kama bwana wa kodi?"

Hakukaa. Alijua akikaa ataanza kuzungumzia hali ya hewa. Akamwambia yote wima: kioo, dawa, jasho la ukungu, msichana wa miaka kumi na minne aliyeona aibu kuuliza. Akatoa picha mpya na kuiweka juu ya kitambaa. Fundi alimsikiliza mguu ukiwa bado juu ya pedali, na hakuuondoa.

"Huyu?" alisema mwishowe, kidole juu ya doa la kijivu.

"Huyo."

"Hana uso, dada."

"Alitikisika. Ukungu ulikuwa mwingi, baba aliiacha kamera wazi mpaka akahesabu sita. Wengine walitulia, yeye hakutulia. Sijui kwa nini. Nimekitazama kioo siku mbili, hakuna kitu."

"Sisi tulikuwa tunamcheka." Sauti yake ilipanda. "Mimi mwenyewe nilikuwa namcheka! Nikitoka shule, na wenzangu, posta pale, tunamwonyesha kidole. Bi Moshi, Bi Moshi."

"Najua."

"Hujui! Mke wangu nilimleta mbele ya hii picha siku nimemchumbia. Binti yangu alipozaliwa mji mzima ulisema kachukua kicheko cha bibi yake. Na wewe ukasema! Ulisimama hapo mlangoni ukasema!"

"Nilisema."

"Sasa kicheko kile ni cha nani?"

Bi Kioo alilia. Hakuwa mtu wa machozi, na alilia vibaya, kwa pua. Alimwambia kwamba angetoa jicho lake moja kurudi kwenye kile chumba na kwenda kumwamsha mgonjwa. Fundi hakumnyamazisha. Aliinuka, akaenda mlangoni, akasimama akiangalia barabara, watu wakipita na vikapu. Mteja wa saa kumi alifika, akaona hali ilivyo, akasema atarudi kesho.

Fundi alirudi kwenye kiti chake, akaivuta picha mpya mpaka karibu na pua, akaangalia doa lile. Aliangalia gauni, viatu, mikono iliyoshikana tumboni. Mikono haikutikisika. Ilikuwa mirefu, na vidole gumba vimepinda kwa nje. Aliviangalia vyake, akavilaza juu ya picha kando ya vile vya mama yake, na Bi Kioo akaangalia kando.

Kisha akanyanyua macho kwenye ile ya zamani, ukutani juu ya cherehani.

"Na yeye? Niliyekuwa naye."

"Mfagiaji wa wodi. Nimetazama daftari. Alifia hapa hapa, miaka miwili baada ya picha. Amezikwa nyuma ya hospitali."

"Nani alimzika?"

"Hospitali. Wameandika hana ndugu."

"Na watoto?"

"Hana."

Fundi Pindo aliipangusa picha ya ukutani kwa kiganja, taratibu, kama alivyofanya kila asubuhi.

"Basi nao wamekosea, dada," alisema. "Alikuwa naye mmoja."