Picha Kifuani Mwangu
…wamecheka, nimewasikia kwa masikio yangu, na filamu yangu haina pa kucheka, haina hata sauti, ni mama kitandani hospitali, siku zake za mwisho, na ukuta wa kijivu, basi, nami nimekaa kwenye stuli nimejipaka rangi nyeupe kuanzia utosini, mwanga wa projekta unanipiga kifuani, skrini ni mimi, nisisogee, nisiiname kutazama, masharti niliyatunga mwenyewe, na sasa ukumbi mzima unaiona kazi yangu isipokuwa mimi… nani kaigusa, mhariri, si mwingine, jana nilimkuta kwenye ngazi na mdogo wangu wakinong'ona, waliponiona mdogo wangu akadakia, “Tunaongea habari za nyaya, dada,” nyaya, yeye ambaye hata balbu humwitia fundi, yeye aliyeniambia baada ya mazishi, “Ukimwonyesha mama vile, mimi na wewe basi,” nami nikamjibu sanaa haiombi ruhusa… mdogo wangu yule pale mlangoni, kakunja mikono, hanitazami usoni, mnafiki mkubwa, na mama mdogo mstari wa mbele, si aliapa hatakanyaga hapa, kaja, kumbe naye kaambiwa, wote wanajua, mjinga ni mimi peke yangu na rangi yangu… na huu mkono wangu, nauona kwa pembe ya jicho, mbona una njano, hospitali hakukuwa na njano, njano ni kile kilemba cha mama, nilimvua kabla sijawasha kamera, nikasema kinaharibu picha… “Mwone dada yangu na mapengo yake,” mama mdogo anamwambia jirani yake, “anamfukuza jikoni mtoto anayempiga picha kwa simu,” simu, jikoni, hiyo si kamera yangu, mimi kamera niliileta alipougua tu, mama akicheka sikuwahi kumpiga picha hata mara moja, wamenibadilishia filamu, wezi hawa, nilijua, nilijua tangu pale ngazini, nasimama sasa hivi nikazime mashine… nikisimama mama atakunjika hapa kifuani, atamwagika sakafuni na kilemba chake… “Anatikisika,” mtu anasema, ni kifua changu hicho, hasira zinakipandisha na kukishusha naye anapanda na kushuka nacho, mdogo wangu kaziba mdomo kwa kiganja, analia au anacheka, sijui, nitamuuliza, nitagombana naye, lakini baadaye… nabana pumzi, kidogo tu, mama atulie…