Siku Priscilla Alipomfukuza Kiboko wa Wageni

Walikubaliana jikoni, wamechuchumaa mbele ya moto: siku ya safari, ndani ya gari, Priscilla si nyanya na Lavender si mjukuu.

"Sasa mimi nitakuita nani?" Priscilla aliuliza, akicheka mpaka moshi ukamwingia puani.

"Niite Lavender tu. Mimi nitakuita mama. Mama wa kikundi cha mikeka."

"Mama wa mikeka! Haya. Nimezaliwa upya uzeeni."

Lavender hakucheka. Bi Ifrah, mwenye gari la watalii pale Garsen, alikuwa amemwambia waziwazi: wageni wa Jumamosi wakirudi na furaha, kazi ya kuwaongoza wageni ni yako. Tafuta na mama mmoja mjuzi wa hadithi za huku, wageni wanapenda. Ila asiwe wa ukoo wako. Msichana aliyetangulia alikuwa amejaza gari shangazi na mama wadogo, kila mmoja akijiita mtaalamu wa mila, mpaka wageni wakakosa pa kukaa. Basi Lavender alizunguka kijiji chote akitafuta, na hakuona mwenye vitendawili kumshinda huyu aliyemlea. Ndipo wakakaa jikoni wakatunga uongo wao, na uongo ule ukawa mtamu kama mchezo wa watoto.

Jumamosi asubuhi Priscilla alipanda gari na gauni lake la kanisani, kanga mpya mabegani, na sufuria ya mahamri mapajani. Maisha yake yote alikuwa amepanda gari kwenda hospitali au kwenda matangani. Gari la kwenda kuangalia tu, halafu urudi, hilo lilikuwa geni. Akakaa kiti cha nyuma, ameshika ukingo wa dirisha kwa mikono miwili.

"Mama," dereva Abduba akamwambia kupitia kioo, "nyinyi watu wa mtoni mkipanda gari mnalishika kama mtumbwi. Halizami hili."

"Na nyinyi watu wa ng'ombe mkiendesha mnapiga honi kama mnaita ndama. Angalia mbele, kijana."

Gari zima likacheka. Abduba alikuwa Muorma, mtu wa Garsen aliyemjua kila mtu na ng'ombe wake. Mbele kando yake alikaa Bi Ifrah, miwani ya jua juu ya hijabu. Katikati walikuwa wageni wenyewe, mzee mmoja wa Nyeri na mkewe, aliyening'iniza kamera kubwa kifuani. Lavender alisimama chini ya paa lililofunuliwa, akawageukia.

"Karibuni sana. Sheria zetu ni chache. Mkiona mnyama, sauti chini, mikono ndani, mtu asisimame ghafla."

"Sauti chini," Priscilla akaitikia kwa nguvu, kama kiranja. "Mmesikia? Sauti chini."

Sasa, safari ile ilikuwa imetangazwa kuwa ni ya milimani, na mtu aliyezoea milima ya kweli asicheke. Huku Tana ardhi imelala kama mkeka; mtu akiona kichuguu husema ameona kilima. Milima yetu ni ile ya mchanga iliyojipanga baina ya mto na bahari huko upande wa Kipini, na njia ya kupanda juu yake hupinda na kupindua mpaka tumbo likachanganyikiwa.

"Mlima wenyewe uko wapi?" mzee wa Nyeri aliuliza walipoacha lami.

"Ule pale," Lavender akaonyesha.

"Ule? Kwetu ule tungepanda viazi."

"Panda basi," Priscilla akamjibu, "uvune kaa."

Mzee alicheka akajifuta machozi. Tangu hapo akawa anageuka nyuma kila mara kumsikiliza. Waliona nyamera wamesimama kwenye majani wakiangalia upepo unakotoka. Waliona ngiri na watoto wake, mikia juu. Kila mara Lavender alinong'ona, akaeleza, akanyamaza mahali pa kunyamaza, na Priscilla alimwangalia mgongo wake ulionyooka akajiambia, huyu ameshapata. Furaha ikamlegeza ulimi.

"Kitendawili!" akasema.

"Tega!" wakajibu wote, hata Bi Ifrah.

"Mchana kutwa yuko bafuni. Usiku huenda karamuni asikoalikwa, akala chakula na sahani yake."

"Samaki," alisema mzee.

"Samaki gani anakwenda karamuni?"

"Chura?" mkewe akajaribu.

"Chura ale sahani? Mmeshindwa. Nipeni mji."

"Chukua Nyeri."

"Nyeri siutaki, baridi yake itanivunja magoti. Nipeni mwingine."

"Haya, chukua Mombasa."

"Mombasa nimeupokea. Nimekwenda Mombasa, nimepishwa njia na matajiri, nimelishwa biriani mpaka nikabebwa kurudi nyumbani. Na jibu lenu ni kiboko."

Mkewe mzee alipiga makofi. "Kiboko! Ndiye niliyemjia mimi. Kila ninapokwenda naona masikio mawili tu majini. Nataka nimwone mzima, na miguu yake."

"Ukimwona mzima hutampenda," alisema Priscilla, na watu wakacheka tena, lakini yeye hapo hakuwa anatania.

Walifika juu. Upande mmoja bahari, upande mwingine delta yote, kijani na fedha, mto ukijikunja humo kama usiotaka kufika. Bi Ifrah alimgusa Lavender begani akamwambia kitu, na Lavender akainamisha kichwa kuficha tabasamu. Priscilla alijifanya anaangalia bahari.

Walipoteremka upande wa pili, mawingu yalikuwa yamefunga na jua limepoa. Chini ya mlima palikuwa na bwawa lenye matete. Abduba alipunguza mwendo, halafu akazima gari kabisa. Akanyoosha kidole tu.

Matete yalitikisika. Akatoka kiboko jike, mweusi, anang'aa, mzima na miguu yake, na kando ya mguu wake wa mbele akatoka mtoto, mdogo, laini kama aliyechongwa kwa sabuni. Hawakuwa mbali. Ungerusha tambara likawafikia. Yule kiboko mama akasimama, akavuta pumzi. Mke wa mzee akainua kamera polepole.

Ila Priscilla, kwa mawazo, hakuwa tena ndani ya gari. Macho yake yaliona matete yakitikisika, na matete yakitikisika, kwake, maana yake ilikuwa moja tu: kiboko anaingia shambani. Tangu msichana mpaka ana wajukuu alikuwa amelinda mpunga juu ya dungu, debe mkono huu na fimbo mkono huu. Mtu aliyekaa kwenye dungu hangoji kufikiri. Akifikiri, asubuhi anakuta shamba limekuwa uwanja. Msimu uliopita tu, homa ilimlaza siku moja, na mpunga wake wote ukaliwa na viboko.

Mkono ulishika mfuniko. Mfuniko ukapiga sufuria.

"Hooo! Hooo! Toka! Toka mwizi! Hooo!"

Mahamri yakaruka. Sufuria ikalia kama kengele ya moto. Kiboko mama akashtuka, akageuka, akaporomokea majini kwa kishindo. Lakini mtoto, kwa kuchanganyikiwa, akakimbia upande usio wake, akapita mbele ya gari, akaanza kupanda mchanga huku akilia. Na mama mtu akasikia kilio.

"Shikilieni!" Abduba alipiga kelele.

Kiboko mama alitoka majini kinywa wazi. Alilipiga gari ubavuni mara moja, na gari likainuka upande likarudi chini. Kamera iligonga chuma. Mzee wa Nyeri aligonga paji la uso, miwani yake ikakatika vipande viwili. Kisha kiboko akalizunguka gari, akamfuata mtoto wake, wakapotea wote wawili nyuma ya vichaka.

Hapo ndipo Priscilla alipoona mfuniko uko hewani bado, mkononi mwake. Akaushusha. Alitamani mchanga ule wa mlima ufunguke umpokee.

"Sijapiga hata picha moja," alisema mke wa mzee taratibu, akiangalia kamera yake. "Hata moja."

"Mama," Bi Ifrah aligeuka. Sauti yake haikuwa kali, na hilo ndilo lililouma. "Asubuhi mliambiwa nini?"

"Sauti chini."

"Na wewe ukafanya nini?"

"Mkono ulinitangulia, mwanangu. Nisameheni. Nisameheni, wageni."

Mzee alikuwa amebana leso kwenye paji la uso. Alisema si kitu, lakini hakugeuka nyuma. Priscilla aliinama akaanza kuokota mahamri sakafuni, moja moja, akiyapangusa mchanga kana kwamba kuna mtu atakayeyala.

"Lavender," Bi Ifrah akauliza, "huyu mama umemtoa wapi?"

"Ni wa... kikundi cha mikeka."

"Unamjua vizuri?"

Priscilla aliuona uso wa mjukuu wake, ulivyokauka, akaona kazi inavyomponyoka. Akadakia haraka, "Hanijui. Hanijui huyu. Mimi ndiye niliyemng'ang'ania anichukue. Msimtie makosani msichana wa watu."

Msichana wa watu. Aliyefundishwa kutembea kwa kushikishwa ncha ya kanga yake. Maneno yalikuwa yametoka mepesi. Asubuhi uongo huu ulikuwa mchezo. Jioni alikuwa amemkana mtoto wake mbele ya watu, na mtoto alikuwa amesimama pale akikanwa. Lavender aligeuza uso nje.

"Basi," alisema Bi Ifrah. "Wageni hawana raha tena. Tukifika njia panda, kwenye lami, mama atashuka. Magari ya Garsen hayakosekani. Nauli juu yangu."

"Ni haki," Priscilla akasema. "Nishusheni. Ni haki kabisa."

Njia yote hakuna aliyetega wala kutegua. Njia panda palikuwa na kibanda cha soda kilichofungwa na mbuzi wawili. Abduba alishuka mwenyewe akamfungulia mlango, akamshika mkono, akampa sufuria yake. Alimwangalia kidogo, kama anayejua huyu ni nyanya ya nani. Matone ya mvua yalikuwa yameanza. Priscilla alisimama kando ya lami na gauni lake la kanisani, akajilazimisha kuinua mkono kuwaaga.

Abduba alirudi nyuma ya usukani. Hakuwasha gari. Alikohoa. Hakumwangalia Bi Ifrah; alimwangalia Lavender kwenye kioo.

"Dada," akamwuliza, "niondoe gari?"

"Abduba, mimi ndiye ninayekuambia uondoe," alisema Bi Ifrah.

"Nakusikia, madam. Lakini nimemwuliza yeye."

"Ngoja," Lavender akasema. Dirisha la nyuma lilikuwa wazi, na Priscilla alisikia kila neno. "Bi Ifrah, yule ni nyanya yangu. Amemzaa mamangu, na ndiye aliyenilea. Nilikudanganya. Nyamaza, nyanya, usinitetee!" Maana Priscilla alikuwa tayari ameanza kutikisa kichwa pale nje.

Mkewe mzee akaweka mkono mdomoni. Bi Ifrah alivua miwani ya jua kichwani, akaikunja, akaikunjua.

"Kelele zile ningesema ni bahati mbaya," alisema mwishowe. "Watu hawa wanaliwa mashamba, naelewa. Hili lingine siwezi kuliita bahati. Nitawekaje wageni wangu mikononi mwako, ikiwa umeweza kumwacha nyanyako barabarani kwa dakika hizi zote?"

Lavender alikwisha kushika kitasa cha mlango.

"Kazi nitampa mwingine. Mwambie apande gari, mvua inamnyea."

Lavender alishuka, akaja mpaka kando ya lami, akachukua sufuria mikononi mwa nyanya yake, akamshika kiwiko. Hakurudi kusimama mahali pake pa kuongoza; alikaa kiti cha nyuma, wakabanana. Priscilla alitaka kuomba msamaha, na hakujua aanze na lipi: miwani ya mzee, picha ya mkewe, mtoto wa kiboko, au kazi iliyopotea kwa ajili ya mfuniko. Lakini chini ya hayo yote lilikuwapo neno moja, limekaa peke yake, linawaka: nyanya yangu. Amelisema mbele ya wote. Moyo ulimruka kwa furaha, na furaha yenyewe, juu ya hasara ya mjukuu wake, ikamtia haya kuliko yote yaliyotangulia. Akavuta kanga ikamfunika uso, asije Lavender akaiona.

Lavender alidhani analia. Akamlalia begani.