Mwili Ulikwenda Mbioni

Jioni, jua likielekea Monduli, Violet alikuwa amekaa kwenye nyasi za uwanja wa chuo kimoja upande wa Usa River, akifunga kamba za raba kwa mara ya pili. Mara ya kwanza alizifunga akiwaza mengine, zikafunguka.

"Unawaza nini wewe?" aliuliza Kocha Hans.

"Siwazi, Kocha."

"Afadhali. Mwanariadha akiwaza, mguu unasubiri ruhusa."

Alikuwa anawaza, tena sana. Chuo kilimchukua bure, kikamlisha na kumlaza, kwa sababu ya mbio zake za mita elfu tano. Kikamwandikisha falsafa kwa kuwa ndiyo kozi iliyokuwa na viti vitupu. Kocha naye akahakikisha haingii darasani: vipindi viligongana na mazoezi, na visivyogongana vilisogezwa mpaka vikagongana. Hata hivyo kila muhula Violet alipata B. Wenzake walimwonea wivu, maana B ya bure nani haitaki? Yeye hakuitaka. Alitaka kusoma, na kama ni kufeli, afeli kwa jasho lake mwenyewe. Jambo hilo lilimwasha kama upupu, na hapakuwa na pa kujikuna.

Wagiriki walianza kuja masika yalipokwisha. Walitokea kwenye shimo la mchanga la kurukia, wakijikung'uta. Walikuwa wamekufa zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita, wala hawakulificha hilo. Walikuwa uchi wa mnyama na wamejipaka mafuta mwili mzima, kwani ndivyo walivyozoea kufanya mazoezi. Mama Aikaeli, aliyeuza ndizi za kuchoma kando ya uzio na kuimba sauti ya pili kwaya ya usharika, alikwenda kwake akarudi na mzigo wa khanga.

"Jisitirini, baba zangu," aliwaambia. "Hapa kuna mabinti."

Walijifunga khanga, wakashukuru, wakala ndizi.

Uongozi wa chuo uliwadhania wataalamu wa michezo, ukawasomea risala. Wagiriki waliomba jambo moja tu: waonyeshwe mahali watu wanapofundishwa hekima. Kwao, walieleza, mieleka na falsafa vilikaa ua mmoja. Mtu akibwagwa chini alijipangusa vumbi, akaendelea na hoja pale alipoiachia. Basi wakapelekwa kwenye darasa la falsafa, ambalo mwaka ule lilikuwa limejazwa vyuma vya kunyanyua kwa ajili ya timu. Wagiriki walifurahi mno. Walidhani wamefika nyumbani. Wakakaa kwenye mabenchi ya vyuma kumsubiri mwalimu. Mwalimu Philemoni wakati huo alikuwa akifundishia kwenye veranda ya kantini, na hakuna aliyemwambia kwamba anasubiriwa.

Mmoja wao, mwanamieleka aliyeitwa Eudiko, mwenye masikio yaliyovimba kwa kupigwa, alichoka kusubiri. Akatoka uwanjani, akaanza kukimbia sambamba na Violet.

"Ushujaa ni nini?" alimuuliza.

"Ni kutoogopa."

"Mwehu naye haogopi. Ni shujaa?"

Violet alikimbia kona nzima akitafuta jibu. Akajibu, jibu likavunjwa. Akajibu tena, likavunjwa tena kabla hawajafika kwenye lango la mpira. Moyo ulimwenda mbio, na si kwa ajili ya mbio. Mzunguko ule ulikuwa wa kasi kuliko yote ya wiki nzima. Kocha alitazama saa yake, akausifu uji wa ulezi aliokuwa amemnywesha mchana.

Wakaendelea hivyo kila jioni, hadi ikatangazwa kwamba fainali ya vyuo itafanyika mjini asubuhi ileile ya mtihani wa Mwalimu Philemoni. Violet alimfuata Kocha ofisini.

"Kocha, naomba nifanye mtihani."

"Wa nini? B yako ipo."

"Si yangu."

"Ya nani sasa, ya bibi yangu?" Kocha alicheka, si kwa ubaya. Alimpenda Violet jinsi mtu anavyompenda ng'ombe wake wa maziwa. "Nenda ukalale mapema."

Eudiko aliposikia habari hiyo alikuna sikio lake. "Kwetu wenye hekima waligombana maisha yao yote kama nafsi inaweza kuuacha mwili," alisema. "Hawakufikia mwisho. Nadhani ni kwa sababu hakuna hata mmoja aliyekuwa na ratiba mbaya kama yako."

Asubuhi ya siku ile Violet aliamkia upande mmoja wa kitanda, na mwili wake ukaamkia upande wa pili. Mwili ulivaa sare ya timu, ukanywa uji, ukaenda kupanda basi la chuo. Anjela, aliyelala naye chumba kimoja, aliwatazama wote wawili akauliza ni yupi kati yao mwenye zamu ya kufagia.

Violet aliteremka kantini. Vumbi halikushika nyayo zake, lakini kalamu ilimtii. Swali lilikuwa moja: je, mtu anaweza kupewa jema asilolistahili, na bado akawa amedhulumiwa? Aliandika, akafuta, akaandika. Alijipinga mwenyewe, akajibwaga, akajiinua. Alikuwa na furaha ambayo hakuwahi kuionja tangu akanyage pale. Alipeleka karatasi yake mwisho wa wote.

Mwalimu Philemoni, mtu wa Machame kama wazazi wa Violet, aliipokea bila kuitazama.

"Alama yako ilishaingizwa, binti yangu. Tangu mwezi jana."

"Basi nisomee tu, Mwalimu."

"Nikisoma nitataka kukupa A, au nitataka kukufelisha. Vyote viwili sina ruhusa."

Mjini, mwili ulishinda. Ulivuka utepe ukiwa peke yake, ukapigwa picha, ukavishwa medali. Ndani ya basi Kocha aliupigapiga begani. "Siku hizi umekomaa," aliuambia. "Huniulizi kitu."

Usiku huo Violet alijaribu kurudi, akakuta hapana nafasi. Mwili ulikuwa umejaa uji, mazoezi na usingizi, ukalala kitanda kizima. Kesho yake alikwenda uwanjani kuungojea, akasimama njiani mwake.

"Shikamoo, Kocha."

"Marahaba. Toka kwenye njia, dada, watu wako mazoezini."

Akatoka. Iliuma, tena iliuma sana, kwa sababu Kocha hakukosea: chuo kilikuwa kimemchukua yule mwenye miguu. Siku zilizofuata alizunguka huku na huko, mara verandani, mara kwenye nyasi, hatulii mahali. Matokeo yalipotoka, alipata B.

Jumapili moja, kabla ya ibada, Mwalimu Philemoni aliisoma ile karatasi akiwa jikoni kwake. Alipoimaliza hakwenda kanisani. Alikwenda mpakani mwa shamba lake, akakata jani la sale, akalipiga fundo. Kwa Wachaga, aliyekosa akileta sale, aliyekosewa hakatai. Likishapokewa, neno limekwisha, na atakayelifukua ndiye mwenye aibu.

Alimkuta Violet uwanjani, amesimama kando ya mwili wake uliokuwa ukijinyoosha kabla ya mazoezi.

"Nimekukosea, mwanangu," alisema, na macho yalimlowa. "Sijasoma kazi kama ile miaka yote niliyofundisha. Lakini alama siwezi kuigusa. Nina familia." Akatoa jani kwa mikono miwili.

Violet alinyoosha mkono. Alitaka aliguse kwanza, alitazame, kisha aseme yake yote kabla ya kulipokea, maana alikuwa na mengi. Ila Mwalimu, kwa mazoea, alikuwa anamtazama yule anayehema. Mwili ulilipokea jani papo hapo, jinsi ulivyofundishwa kupokea kila unachopewa, iwe chupa ya maji, namba ya kifuani au medali.

"Asante, mwanangu. Asante sana," Mwalimu alisema. Alijifuta uso, akaondoka akitembea kama mtu aliyetua gunia.

Kocha akapiga kipenga. Mwili uliliweka jani kwenye nyasi, ukaanza kukimbia. Violet alibaki amesimama, mkono bado umenyooka. Alikuwa ameshasamehe.